Maswali na Majibu: Uendeshaji wa Mgahawa, Kutoka Mhezi Hadi Barabara Kuu ya Same

Maswali haya ni ya anayejisomea mtihani wa uendeshaji wa mgahawa, hasa kijana wa Mhezi na kata jirani za Pare Kusini anayetaka kufungua mgahawa nyumbani, au kushuka kutafuta nafasi Same mjini. Bei zilizomo kwenye hesabu ni za mazoezi. Ukienda sokoni weka za siku hiyo. Watahini wanapenda neno "taja". Wewe taja, lakini weka tarakimu, na useme unazungumzia mgahawa wa wapi. Jibu lisilo na mahali hupata nusu ya alama.

SWALI LA 1. Eleza jinsi mahali panavyoamua biashara ya chakula. Tumia Mhezi na Same mjini.

Jibu. Mhezi ipo juu, kwenye Milima ya Pare Kusini, wilaya ya Same, mkoa wa Kilimanjaro. Mahindi, maharage, ndizi na mboga za majani hupatikana kwa majirani, tena kwa bei ya shambani. Baridi ya milimani huifanya chai ya tangawizi iuzike asubuhi hadi jioni, na tangawizi yenyewe ni zao la Pare Kusini. Ukanda wa Mamba na Myamba unajulikana nchi nzima kwa zao hilo. Kinachopungua ni mteja mwenye fedha mkononi kila siku. Mkulima ana fedha anapouza mazao. Mwalimu na mganga wa zahanati wana fedha mwisho wa mwezi. Siku ya gulio fedha zipo, na Desemba zipo nyingi, kwa sababu Wapare walioko Dar es Salaam, Moshi na Arusha wanapanda nyumbani kwa sikukuu. Siku zilizobaki unawapikia watu ambao makwao kuna jiko na kuna mahindi. Huo ndio ushindani wako wa kwanza, kabla hujamhesabu mwenye mgahawa wa pili.

Same mjini ni kinyume. Ni tambarare kavu, kwa kuwa milima inaikinga mvua. Barabara kuu ya Dar es Salaam hadi Arusha inapita hapo, na reli ya kutoka Tanga, iliyofika Moshi mwaka 1911, inapita hapo pia. Fedha zipo, ila mteja ana haraka. Pango ni kubwa, mboga zinashuka kutoka milimani zikiwa zimeongezwa nauli, na kwa miaka mingi maji yaliletwa kwa madumu ya mkokoteni. Mradi wa maji wa Same–Mwanga–Korogwe, unaotoa maji Bwawa la Nyumba ya Mungu, ulizinduliwa Machi 2025. Hata hivyo, mwenye mgahawa aliyezaliwa Same hawezi kuuza tangi lake.

Kwa kifupi cha mtihani: Mhezi hununua kwa nafuu na kuuza taratibu, Same hununua kwa ghali na kuuza haraka. Anayechukua bei za Same akazipandisha Mhezi atakosa wateja. Anayechukua mwendo wa Mhezi akaushusha Same atafukuzwa na pango.

SWALI LA 2. Sufuria moja ya makande imegharimu kama ifuatavyo: mahindi ya kukoboa kilo 5 kwa shilingi 1,200 kila kilo, maharage kilo 3 kwa shilingi 2,800 kila kilo, mafuta, vitunguu, nyanya, nazi na chumvi shilingi 4,600, nishati shilingi 4,000. Sufuria inatoa sahani 30, na sahani huuzwa shilingi 1,500. Gharama za kudumu za mgahawa kwa mwezi ni pango 50,000, mishahara 400,000, umeme na maji 40,000, leseni na ushuru 30,000. Mgahawa hufunguliwa siku 26. Je, makande peke yake yanaulisha mgahawa?

Jibu. Hili ndilo swali lenye alama nyingi, na ndilo linaloangusha wengi. Fanya hatua kwa hatua.

Mahindi 6,000, maharage 8,400, viungo 4,600, nishati 4,000. Jumla ya sufuria ni 23,000. Ukigawa kwa sahani 30 unapata shilingi 767 hivi kwa sahani. Wengi hufika hapa, wakatoa 767 kwenye 1,500, wakaandika kwamba faida ni 733 kwa sahani, wakafunga karatasi. Wamekosea, maana wameuza sahani zote kwenye karatasi tu.

Nenda jikoni ukahesabu. Mpishi, mhudumu, mwosha vyombo na mwenye mgahawa wamekula: sahani 4. Jioni zimebaki 2, zimechacha, zimemwagwa au kupewa mwenye nguruwe. Zilizolipiwa ni 24. Mauzo ni 36,000. Gharama halisi ya kila sahani iliyolipiwa ni 23,000 kugawa kwa 24, yaani shilingi 958 hivi.

Sasa gharama za kudumu. Jumla kwa mwezi ni 520,000. Kwa siku 26 ni 20,000 kila siku. Ukijumlisha na sufuria, siku moja inahitaji 43,000. Umeingiza 36,000. Umepungukiwa 7,000. Na hata kama usingemwaga sahani hata moja, ukauza 26, ungepata 39,000 na bado ungekuwa chini kwa 4,000.

Hitimisho la jibu: makande hayaulishi mgahawa peke yake. Yanavuta watu, lakini chai, chapati, maandazi na supu ya asubuhi ndivyo vinavyolipa. Chapati mbili na kikombe cha chai havina mabaki makubwa. Unga uliobaki ni unga hadi kesho, lakini makande yaliyobaki ni mzigo. Ndiyo maana ukiingia mgahawa wa zamani milimani saa moja asubuhi, utakuta mwenye mgahawa mwenyewe amesimama kwenye kikaango cha chapati na sufuria ya makande amemwachia msaidizi. Hakusoma hesabu hii darasani, ameiona kwenye mkebe wa fedha.

Mtahini akiuliza adui wa kwanza wa mgahawa ni nani, jibu ni sahani iliyopikwa isiyolipiwa. Iwe imemwagwa, imeliwa, imekopwa au imeibwa, kwenye hesabu ni sahani ileile.

SWALI LA 3. Mpishi wa Mhezi analalamika kwamba maharage yaleyale aliyopika Same kwa muda mfupi, milimani yanamaliza kuni. Je, ni uvivu wa kuchochea?

Jibu. Hapana, ni fizikia. Kadiri unavyopanda juu ndivyo kanieneo ya hewa inavyopungua, na maji huchemka kabla ya kufika nyuzi joto 100. Kwa makadirio ya jikoni, kila mita 300 za mwinuko hupunguza karibu nyuzi 1. Sufuria ya milimani inatokota vizuri machoni, lakini haina joto la sufuria ya pwani, kwa hiyo punje inachukua muda mrefu zaidi kulainika. Ukiongeza moto maji yatakauka upesi tu. Joto lake halipandi.

Dawa ni tatu. Loweka mahindi na maharage usiku kucha, na maji uliyolowekea uyamwage. Funika sufuria kwa mfuniko unaokaa sawasawa, ikiwezekana weka uzito juu. Na nunua maharage ya msimu huu. Maharage yaliyokaa ghalani zaidi ya mwaka hayaivi hata ukiyaimbia. Mpishi mzoefu hujaribu kwa kumng'ata mchuuzi kwa maneno na punje kwa meno: punje mpya huacha alama ya jino, ya zamani hupasuka kama jiwe.

Kuhusu nishati yenyewe, jibu kamili lazima litaje sera. Mkakati wa Taifa wa Nishati Safi ya Kupikia wa 2024 hadi 2034 unalenga asilimia 80 ya Watanzania watumie nishati safi ifikapo 2034, na serikali ilikwisha kuzitaka taasisi zinazolisha watu zaidi ya 100 kwa siku ziachane na kuni na mkaa. Mgahawa mdogo wa Mhezi haujafikia watu 100, lakini msitu wa Chome Shengena uko karibu na ni hifadhi. Kuni za bei rahisi hazitakuwa za bei rahisi siku zote. Gesi kwa makande ya saa tatu ni ghali. Gesi kwa chapati, mayai na chai inalipa. Changanya: vya muda mrefu jiko banifu, vya haraka gesi.

SWALI LA 4. "Mteja wa kukopa ni mteja wa uhakika." Jadili.

Jibu. Mjini unaweza kubandika karatasi ukutani, "Leo fedha taslimu, kesho mkopo", na watu wakacheka wakalipa. Kijijini karatasi hiyo haimzuii mtu. Anayekopa ni shemeji, ni mwalimu wa mtoto wako, ni mzee wa kanisa. Ukimnyima, hupotezi sahani moja, unapoteza ukoo mzima.

Kwa hiyo swali lenye maana ni ukopeshe vipi. Daftari liwe moja, lenye tarehe, jina, alichokula na saini ya mkopaji mwenyewe. Usiandike wewe akiwa hayupo. Weka kikomo kwa kila mtu. Mwenye mshahara apewe kikomo cha mwezi na siku ya kulipa iwe siku mshahara unapotoka. Mkulima apewe kwa msimu na alipe kwa mazao ikibidi: debe la maharage ni malipo halali kabisa kwa mgahawa unaopika maharage, mradi bei ya debe mkubaliane siku ya kukopa. Mkikubaliana siku ya kulipa, mtagombana.

Muhimu kwa mtihani: deni lililo kwenye daftari usiliweke kwenye mauzo ya siku unapopima kama mgahawa una uwezo wa kununua unga kesho. Duka la jumla halipokei daftari.

(Wapare hutaniwa nchi nzima kwa ubahili. Kwa kazi hii utani huo ni sifa njema.)

SWALI LA 5. Kwa nini orodha ya vyakula ya mgahawa wa Pare Kusini lazima ianze na dini?

Jibu. Kwa sababu wateja wako wanaishi kwa dini zao mezani. Waadventista Wasabato walianza kazi yao Tanzania hapahapa Upare, Giti, mwaka 1903, na mpaka leo ni wengi milimani. Wapo Walutheri, wapo Wakatoliki, na Waislamu ni wengi pia. Msabato hali nyama ya nguruwe, wengi wao hawanywi pombe, na wapo wasiogusa hata chai ya majani na kahawa. Huyo mpikie tangawizi na maziwa au mchaichai, nawe umepata mteja wa kila siku. Jumamosi hatakuja, na akiwa ndiye mwenye mgahawa basi mgahawa wenyewe umefungwa. Mwislamu anataka kujua nani amechinja kuku. Mwezi wa Ramadhani mauzo ya mchana yanashuka na ya jioni yanapanda, hivyo mwenye mgahawa hubadilisha saa za kazi badala ya kulalamika.

Kitimoto kina soko Same na soko lake ni zuri. Lakini kikitaka kupikwa, kipikwe kwenye jiko lake, kwa vyombo vyake, na afadhali kwenye jengo lake. Ukikikaanga kwenye karai la chipsi, siku habari itakapotoka utapoteza Waislamu na Wasabato kwa mpigo, na huko juu habari hutoka kabla mafuta hayajapoa.

SWALI LA 6. Mgahawa wa kando ya barabara Same humpa dereva, konda na msaidizi chakula cha bure. Je, ni hasara?

Jibu. Ni gharama ya matangazo, na kama matangazo yoyote ipimwe. Basi halisimami kwa sababu chakula chako ni kitamu. Linasimama kwa sababu aliyeshika usukani ameamua kusimama. Mabasi mengi yanayotoka Dar yamezoea kula Korogwe au Mombo, kwa hiyo Same haipati mlo wa mchana kwa kuwa ipo njiani tu. Inabidi imbembeleze dereva.

Basi likisimama, konda anapiga kelele: "Dakika kumi! Kula, kuchimba dawa, twende!" Abiria wanashuka wakiwa wameshika pochi. Nusu wanakimbilia choo. Kwa hiyo choo ni sehemu ya mgahawa: kikiwa kichafu, abiria hurudi moja kwa moja kwenye kiti. Anayebaki hana muda wa kusubiri wali upakuliwe. Kinachouzika ni kilichokwisha kupakuliwa: chipsi, kuku wa kukaanga, chapati, mayai ya kuchemsha, ndizi za kuchoma, maji ya chupa. Chenji iwe tayari kwenye mifuko ya wahudumu, za mia tano na elfu moja, na lipa namba ibandikwe kila meza. Abiria mmoja anayesubiri chenji hufunga njia ya watu sita.

Hesabu: sahani 3 za bure zenye gharama ya shilingi 1,500 kila moja ni 4,500. Ikiwa kila abiria anayekula anakuachia 1,300 baada ya gharama ya chakula, basi lenye abiria 15 waliokula limekuletea 19,500, na chakula cha dereva kimelipa vizuri sana. Basi lenye abiria 3 waliokula limekuletea 3,900. Hapo umemlisha dereva kwa hasara ya 600. Andika kila basi kwenye daftari kwa wiki mbili, kisha amua yupi aendelee kula bure. Dereva anayeleta abiria watatu kila siku mpe chai.

Ongeza kwamba mwaka 2023 mabasi yaliruhusiwa tena kusafiri usiku baada ya katazo la miaka mingi. Same imepata wateja wa saa nane za usiku, na wenye migahawa wamepata gharama mpya: taa, mlinzi, na posho ya usiku, itakayoelezwa kwenye Swali la 9.

SWALI LA 7. Mgahawa wa mtu binafsi umeuza shilingi 9,000,000 kwa mwaka. Mwingine umeuza 60,000 kwa siku, siku 26 kwa mwezi, miezi 12. Kila mmoja atalipa kodi gani ya makadirio?

Jibu. Tumia jedwali la TRA lililofuata marekebisho ya 2022, na kwenye mtihani wako uangalie la mwaka husika. Mauzo yasiyozidi milioni 4 hayalipi kodi hii. Kati ya milioni 4 na 7, asiye na kumbukumbu hulipa 100,000, na mwenye kumbukumbu hulipa asilimia 3 ya kinachozidi milioni 4. Kati ya milioni 7 na 11, asiye na kumbukumbu hulipa 250,000, na mwenye kumbukumbu hulipa 90,000 pamoja na asilimia 3 ya kinachozidi milioni 7. Kati ya milioni 11 na 100 ni asilimia 3.5 ya mauzo.

Wa kwanza, akiwa na daftari: 90,000 jumlisha asilimia 3 ya 2,000,000, yaani 60,000. Jumla 150,000. Bila daftari: 250,000. Daftari la kaunta la shilingi elfu chache limeokoa laki moja.

Wa pili: 60,000 mara 26 mara 12 ni 18,720,000. Asilimia 3.5 yake ni 655,200. Huyu pia anahitaji mashine ya EFD. Angalia kwamba kodi hii hutozwa kwenye mauzo, haiulizi kama umepata faida. Mgahawa wa Swali la 2, unaopungukiwa kila siku, nao utalipa.

Usichanganye na VAT ya asilimia 18. Kiwango cha kujisajili VAT kilipandishwa mwaka 2023 kutoka mauzo ya milioni 100 hadi milioni 200 kwa mwaka, na mgahawa wa Mhezi hauko karibu na hapo. TIN ni ya TRA, jina la biashara ni BRELA, leseni ni ya halmashauri. Wanafunzi huzichanganya hizi kila mwaka.

SWALI LA 8. Andika unachojua kuhusu kiporo na sumukuvu.

Jibu. Kiporo nyumbani ni raha. Kwenye mgahawa ni hatari, hasa wali, kwa sababu wali uliokaa kwenye joto la kawaida hukuza vijidudu vinavyotoa sumu, na sumu hiyo haiondoki kwa kupasha. Chakula kilichopikwa kisikae kati ya nyuzi joto 5 na 60 kwa zaidi ya saa mbili. Ama kiwe moto wa kuunguza ulimi, ama kipozwe upesi kwenye trei pana na kuingizwa kwenye friji. Luku ikiisha usiku, chakula cha friji hakina la kujitetea asubuhi.

Sumukuvu iko kwenye mahindi na karanga zilizoanikwa vibaya. Mwaka 2016 iliua watu Dodoma na Manyara. Kupika hakuimalizi. Mgahawa unaopika makande kila siku unanunua magunia, hivyo kagua: punje yenye ukungu, iliyopauka au inayonuka, rudisha gunia zima. Usichambue ukabakiza.

Maji ya kunawa yawe ya kutiririka. Kipindupindu kilipoanza Dar es Salaam Agosti 2015 na kusambaa mikoani, biashara za chakula zilikuwa miongoni mwa zilizofungwa. Afisa afya akija, kitu cha kwanza anachoomba ni kadi za upimaji wa afya za wahudumu. Ziwe ukutani, zisiwe nyumbani kwa mhudumu.

SWALI LA 9. Taja haki nne za mfanyakazi wa mgahawa.

Jibu. Kwa Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004: saa za kawaida zisizidi 45 kwa wiki, likizo ya mwaka siku 28 zenye malipo, saa za ziada zilipwe mara moja na nusu, anayefanya kazi kati ya saa 2 usiku na saa 12 asubuhi aongezewe asilimia 5. Michango ya NSSF ni asilimia 20 ya mshahara kwa jumla. Mtoto wa chini ya miaka 14 haajiriwi kabisa. Msichana anayeshushwa kutoka milimani "kumsaidia shangazi" hotelini bila mshahara ni mfanyakazi, hata kama shangazi ni shangazi kweli.

SWALI LA 10. Mwenye mgahawa anaona unga unaisha kama kawaida lakini mauzo ya chapati yamepungua. Wahudumu wanasema wateja wamepungua. Afanye nini?

Jibu. Asianze kwa kumtuhumu mtu. Ahesabu. Kilo moja ya unga kwa kipimo chake hutoa chapati ngapi? Anayejua idadi hiyo haibiwi unga. Kisha madonge yahesabiwe kabla ya kuchomwa, na chapati zikabidhiwe kaunta kwa idadi na saini.

Wizi ulio mgumu kugundua ni ule usiopunguza kitu. Mhudumu anakuja na chapati 20 alizopika kwake, anaziuza mezani kwako, kwa chai yako, kwenye viti vyako. Unga wako upo, chapati zako zipo, ni wateja tu "wamepungua". Dalili yake ni chapati zako kubaki ilhali chai imeisha. Anayelinganisha mauzo ya chai na ya chapati kila jioni huliona jambo hilo ndani ya wiki. Baadhi ya migahawa hutatua kwa kaunta kumuuzia mhudumu: anachukua kwa idadi, na anawajibika kwa fedha ya idadi hiyo. Njia hiyo inafaa, ila mhudumu akikimbiwa na mteja asiyelipa, mwenye mgahawa abebe sehemu ya hasara, la sivyo mhudumu atajilipa kwa njia yake.

SWALI LA 11. Kweli au Si kweli.

(a) Chakula cha kubeba kinaweza kufungwa kwenye mfuko wa plastiki wenye mishikio. Si kweli, mifuko hiyo ilipigwa marufuku 1 Juni 2019.
(b) Bei ya chai ikipanda kwa sababu sukari imepanda, irudishwe sukari inaposhuka. Kweli, na wachache hufanya hivyo. Mwanzoni mwa 2024 sukari iliadimika hadi serikali ikatangaza bei elekezi. Vikombe vilivyopanda wakati ule vingi havikushuka.
(c) Mkopo wa "kausha damu" unafaa kununulia friji. Si kweli. Marejesho ya kila siku au ya kila wiki huanza kabla friji haijaingiza kitu. Kikundi cha wanawake, vijana au watu wenye ulemavu kiulize halmashauri mkopo usio na riba unaotokana na asilimia 10 ya mapato ya ndani. Ulisimamishwa 2023 na kurejeshwa 2024.
(d) Masika mgahawa wa Mhezi uweke akiba ya vitu vya kutoka Same. Kweli. Barabara za milimani hukatika, na maporomoko ya Novemba 2009 kijijini Goha, upande wa Mamba Myamba, yalionyesha mvua za vuli nazo hazina mzaha. Mafuta, sukari, unga wa ngano na gesi viwe vya wiki mbili.

SWALI LA KUFANYA MWENYEWE

Mgahawa wa Same hupika sahani 80 za wali kwa siku kwa gharama ya shilingi 96,000. Sahani huuzwa 2,500. Wafanyakazi hula sahani 5, madereva na makonda 4, zinamwagwa 6, na 5 zimeandikwa kwenye daftari la madeni. Gharama za kudumu ni 40,000 kwa siku. Tafuta fedha iliyobaki mkononi jioni.

Ukipata 64,000, rudi Swali la 2 usome upya. Jibu ni 14,000, na TRA bado hajaja.